Wajane Wawili na Fatiha Moja

Bagamoyo,
27 Februari 1972

Kwa Chausiku binti Mwishehe, Lugoba.

Salamu zangu zikufikie. Najua utashangaa kuuona mwandiko huu, kwa maana miaka yote tuliyochangia mume hatukuwahi kuandikiana hata neno moja, na tukikutana harusini ilikuwa shikamoo, marahaba, basi. Kuandika nimejifunza juzi juzi kwenye darasa la watu wazima, kwa hiyo mistari ikipanda na kushuka usinicheke.

Mimi sijambo. Watu wanakuja, wanalia, wanakula, wanaondoka. Mimi silii. Jirani yangu Mina ameninong'oneza nijilazimishe kidogo, watu wasije wakanisema. Nimejaribu, hakuna kinachotoka. Nakaa chumbani juu ya mkeka, nasikia Mina akimimina maji uani, najua adhuhuri imefika. Kioo wamekigeuza ukutani. Hata wasingekigeuza nisingejiangalia. Hizo ndizo habari za eda yangu.

Nakuandikia kwa mambo mawili. La kwanza, wewe ndiye uliyekuwa na Mwinyijuma alipokata roho. Mimi niliteremshiwa mwili kutoka kwenye lori la mahindi, umeshafunikwa, nikaonyeshwa uso tu. Kaburi ninalo mimi hapa Bagamoyo, lakini kifo chake unacho wewe. Nataka kujua alisema nini mwisho.

La pili ni shemeji yetu Abdala. Amekuja jana, akakaa upande wa pili wa pazia, akaongea kwa adabu kabisa. Kasema nyumba hii aliijenga baba yao, kasema mimi sikuzaa, kwa hiyo eda ikiisha nichukue fungu langu la sheria nimpishe. Vyumba viwili vya uani nilivijenga mimi kwa mikeka niliyosuka, na yeye alikuwepo siku tunapiga lipu. Nilikuwa naangalia vidole vyangu, nikaona kama vya mtu mwingine.

Kama amekuja na kwako, niambie anataka nini.

Mke mwenzako,
Mwaija


Lugoba,
8 Machi 1972

Bi Mkubwa, shikamoo.

Barua yako imenifikia kwa mkono wa Rajabu, dereva wa basi. Mistari yako imenyooka kuliko ya mwalimu wangu wa darasa la nne, usijidharau.

Nimekaa eda humu humu alimofia. Kitanda ni kile kile, mama amegeuza godoro tu. Nikiamka asubuhi nasahau, nanyanyuka nimkoroge uji, halafu nakumbuka, nakaa tena. Si uchungu, Bi Mkubwa. Ni kama mguu uliokufa ganzi, unajua ni wako lakini ukiukanyagia hauko.

Alisema mambo ya kawaida ya mgonjwa. Aliomba maji, nikampa.

Shemeji Abdala amekuja, ndiyo. Kaleta doti ya khanga na sukari. Mama kasema mjane wa eda haletewi khanga na mwanamume, akamrudishia. Sukari mama ameibakiza, kasema sukari haina posa. Kuhusu nyumba yako hakunitamkia kitu. Aliuliza tu kama ninajua kusoma na kutia saini. Nikamwambia ninajua.

Unapata usingizi?

Mdogo wako,
Chausiku


Bagamoyo,
26 Machi 1972

Chausiku,

Usingizi naupata sana. Nalala mpaka Mina anakuja kunisikiliza kama napumua.

Mambo ya nyumba yamekwisha, nakueleza uyajue. Mwalimu wetu wa watu wazima aliniandikia barua kwa watu wa Dar es Salaam wanaojiita Kamati ya Msaada wa Sheria. Ni vijana waliosoma, wanawasaidia bure watu wasio na wakili. Jumamosi walikuja watatu. Kiongozi wao anaitwa Majaliwa, kijana mrefu, viatu vimejaa tope la njiani. Nilimwonea huruma.

Kwa kuwa mimi sitoki, na wao hawawezi kuingia, walikaa barazani, mimi nikakaa nyuma ya mlango, mlango umeachwa wazi kiasi cha sauti kupita. Abdala aliitwa akaja na wazee wa mtaa. Kila mtu alisema yake. Mimi nilisema nimeishi humu tangu nilipoolewa, na kama kuna mtu anajua mahali pengine ninapotoka, anitajie nipajue na mimi.

Halafu yule kijana akasimama akasema, "Kamati imeamua." Akasoma kwenye karatasi kwamba mimi nitakaa katika nyumba hii mpaka kufa kwangu, hakuna wa kunitoa, na nikifa irudi kwa Abdala na watoto wake. Chumba cha mbele Abdala ataweka mbata zake tangu sasa. Shehe Alawi alikuwepo, akasema kwenye jambo la kheri watu hawatawanyiki hivi hivi, inueni mikono. Wakasoma Fatiha. Nilichungulia kwenye upenyo wa bawaba nikawaona wote, Abdala mikono yake ameiinua mpaka usawa wa kidevu. Kasema Amin, akajipaka usoni. Hata yule kijana wa Dar alisoma, na nasikia yeye ni Mkristo.

Basi. Kwetu Fatiha ikishasomwa, mtu harudi nyuma, labda awe hana haya. Mina alipiga kigelegele. Mimi nililala tena.

Hukunijibu sawasawa nilichokuuliza. Maji kila mtu huomba.

Mwaija


Dar es Salaam,
18 Aprili 1972

Bibi Mwaija, shikamoo.

Nasikitika kukuandikia kuhusu jambo lisilopendeza. Bwana Abdala amefungua shauri katika Mahakama ya Mwanzo. Hadai nyumba moja kwa moja. Anapinga mamlaka ya Kamati yetu. Anasema Kamati si mahakama wala baraza lililowekwa na sheria, haina uwezo wa kuamua mgogoro wa urithi, na kwa hiyo uamuzi wake ni batili, haumfungi yeye wala jamaa zake. Anasema pia kwamba warithi wengine hawakusikilizwa.

Bibi yangu, lazima nikwambie ukweli. Katika hoja hiyo ana haki. Kazi yetu ni kushauri na kusaidia. Siku ile nilipaswa kusema "tunashauri," lakini nilipoona watu wote wananitazama, nikajikuta nasema tumeamua. Nililewa baraza.

Shauri litasikilizwa Alhamisi tarehe 4 Mei. Mawakili hawaruhusiwi kusimama katika Mahakama ya Mwanzo, na sisi hata mawakili si wote. Sheria inamruhusu jamaa wa mtu kumsemea, hakimu akikubali. Nakuomba uje mwenyewe, au umtume ndugu yako yeyote. Mimi nitakuwepo, ila sina hakika kama nitaruhusiwa kufungua mdomo.

Wako mtiifu,
Majaliwa


Bagamoyo,
24 Aprili 1972

Mwanangu Majaliwa, marahaba.

Karani wa mahakama alileta hati ya kuniita, akaisukuma chini ya mlango. Nimeiona.

Mimi sitoki. Niko eda. Jambo hili tulilimaliza kwa Fatiha na wewe ulikuwepo. Ndugu wa kunisemea sina, walikuwepo wawili, wote wako makaburini karibu na mume wangu. Kama mahakama inataka kunitoa, itakuja kunitoa.

Usijisumbue sana. Hukukosea kwa ubaya. Safari nyingine vaa viatu vya mpira.

Mwaija binti Mwinyimkuu


Bagamoyo,
5 Mei 1972

Chausiku,

Jana ulikuwa Bagamoyo.

Usinikatalie, Mina alikuona kwa macho yake. Amekuona ukiteremka kwenye lori la Abdala, mbele, karibu na dereva, umejitanda kaniki, unaingia mahakamani nyuma ya shemeji yako. Mina alirudi mbio kuniambia kwamba hakimu amemfukuza kijana wa Kamati asimame nje, amesema Kamati haina mamlaka hata chembe na karatasi yao haina nguvu. Kwamba Abdala amesimama akasema anaye shahidi, mke mdogo wa marehemu. Hapo nikamwambia Mina inatosha, shuka komeo, na asifungue kwa mtu yeyote wala asiniletee habari tena.

Sasa nimeelewa kwa nini alikuuliza kama unajua kutia saini. Sijui atakuoa lini. Sikuulizi. Wewe ni kijana, unahitaji pa kukaa, na nyumba hii ina vyumba vya kutosha. Chumba changu kinavuja upande wa dirisha masika ikikaza, weka beseni.

Nimeanza kufunga vitu. Vimeingia kwenye sanduku moja na nafasi imebaki. Nilidhani nitakasirika. Nimekaa nikingoja hasira ije kama mtu anayengoja basi, haikuja. Kitu kimoja tu ndicho kimenishangaza. Alasiri mtu alipiga hodi hapa, akapiga tena na tena. Niliijua sauti. Sikuitika.

Umekuja kunitazama nilivyo? Niko hivi hivi.

Mwaija


Lugoba,
10 Mei 1972

Bi Mkubwa, shikamoo.

Sauti ilikuwa yangu. Nilipiga hodi mpaka muuza kahawa aliyekuwa akipita akaniambia labda wenyewe hawapo. Nikamwambia mwenyewe yuko eda, ataenda wapi. Rajabu alikuwa anapiga honi, basi lake lilitaka kuondoka, na mimi nilitaka jua lisinichwee nje ya nyumba yangu. Kwa hiyo sikiliza sasa yale niliyotaka kukwambia mlangoni.

Abdala alinitumia habari za shauri siku moja kabla, na siku yenyewe akaja na lori alfajiri. Kasema ninahitajika mahakamani kusema neno moja tu, kwamba Kamati haikuniuliza. Nikasema hilo ni kweli, haikuniuliza. Kasema basi, useme hivyo hivyo, tutakurudisha. Mama alikataa nisitoke. Mimi nilikuwa nimeshajitanda. Hesabu zangu nilizipiga usiku kucha, Bi Mkubwa: wewe hutatoka, ninakujua. Ndugu huna. Kijana wa Kamati hataruhusiwa kusema, Abdala alijisifia hilo katika habari alizotuma. Mimi nani atanifikisha Bagamoyo kabla ya shauri kuanza, masika hii basi la Rajabu likifika mchana, kama si lori la Abdala? Nikapanda.

Mahakamani ilikuwa kama alivyokwambia Mina, ila Mina angevumilia kidogo. Hakimu alimwambia Majaliwa, "Kijana, nia yako njema, lakini hapa huna kiti." Akasema wazi kwamba Kamati haiwezi kuamua hata ugomvi wa kuku. Abdala akachekelea. Halafu karani akasimama mlangoni akaita, "Mwaija binti Mwinyimkuu!" Akaita tena. Hakimu akauliza, "Hana jamaa yeyote wa kumsemea?" Karani akaita mara ya mwisho.

Nikaitika, "Abee."

Watu waligeuka wote. Abdala akasema, "Huyo ni shahidi wangu!" Hakimu akaniuliza mimi ni nani wa Mwaija. Nikasema mke mwenzake. Wazee wawili washauri wakatazamana, wakanong'ona, mmoja akasema wake wenza ni watu wa nyumba moja hata wakilala mbalimbali. Nikaruhusiwa.

Nikasema, "Kweli Kamati haikuniuliza. Basi niulizeni nyinyi." Hakimu akauliza nina maoni gani juu ya nyumba. Nikasema nyumba akae Mwaija mpaka kufa kwake, mimi sina neno. Halafu nikasema, "Juu ya Kamati sisemi, mimi sijui mamlaka. Nina swali moja kwa shemeji. Siku ile barazani, Fatiha iliposomwa, aliinua mikono au hakuinua?"

Bi Mkubwa, kulikuwa na joto mle ndani na mvua inanyesha nje. Abdala akasema, "Hiyo Fatiha ilisomwa kwa ajili ya uamuzi, na uamuzi ni batili." Mzee mmoja akamkatiza. "Hujaulizwa hayo. Uliinua?"

"Niliinua."

"Ukasema Amin?"

Shehe Alawi alikuwa amekaa benchi la mbele, anamwangalia tu. "Nilisema."

Hakimu akaandika, akaandika, kalamu ikamwishia wino akaazima ya karani. Halafu akasoma. Kasema Bwana Abdala ameshinda katika alichokileta: Kamati haina mamlaka na uamuzi wake anaufuta. Lakini jamaa waliokaa pamoja, wakakubaliana, wakainua mikono mbele ya mashahidi, wamefanya suluhu yao wenyewe, na hiyo haikutoka kwa Kamati, ilitoka vinywani mwao. Mrithi ambaye hakuwepo amekuja leo na amekubali. Suluhu inasimama. Nyumba ni yako mpaka kufa kwako.

Kwa hiyo fungua sanduku.

Abdala aliondoka na lori lake tupu, hakunitazama. Simlaumu sana, alinileta mwenyewe.

Sasa ya kwangu. Niliporudi Lugoba nilikuta kina mama wameshajaa uani. Wanasema mjane aliyeketi mbele ya wanaume, akaulizwa na kujibu, eda yake imekatika. Wanasema nianze upya tangu siku ile ya mahakama, na nisipoanza hakuna atakayeniogesha siku ya kutoka. Mama amenyamaza. Naye ni mtu wa hapa, atafanyaje. Nimekubali, nimeanza upya. Kwangu ni mkeka ule ule na ukuta ule ule, sioni tofauti. Usiku tu ndio nauona mrefu.

Uliniambia sikukujibu sawasawa. Ni kweli, nilificha. Nilificha kwa wivu, na wivu wenyewe ndio kitu cha pekee nilichokuwa ninakihisi, nikaogopa kukiacha. Siku ile jioni homa ilipompanda alifumbua macho akaniangalia mimi, akasema, "Mwaija, niletee maji." Nilikuwa peke yangu chumbani. Ningeweza kumwambia mimi si Mwaija. Nikasema, "Abee," nikampa maji. Akanywa, akasema, "Umechoka, Mwaija. Kapumzike." Hakusema neno jingine.

Kwa hiyo pale mahakamani haikuwa mara yangu ya kwanza kuitika kwa jina lako.

Mdogo wako,
Chausiku


Bagamoyo,
15 Juni 1972

Chausiku mdogo wangu,

Nimekaa zaidi ya mwezi bila kukujibu. Si kiburi. Nilisoma barua yako mpaka pale kwenye maji, nikaiweka chini. Mina alinikuta nimeinama juu ya sanduku wazi, nalia kwa sauti mpaka majirani wakadhani nimepata msiba mwingine. Nimelia siku nyingi tangu hapo, kwa ajili yake, na kwa ajili yako uliyebaki peke yako chumbani ukaitwa jina la mwenzako ukaitika. Sasa nimenyamaza kidogo, mkono unaweza kushika kalamu.

Juzi nimetoka eda. Wameniogesha, wamenivisha khanga mpya, kioo wamekigeuza. Nimejiangalia. Nimezeeka, lakini nipo.

Mlango ule ninauwaza kila siku. Ulikuja na mvua, umetoka kunitetea, ukasimama kwangu unapiga hodi na mimi nimekaa hatua chache kutoka kwenye komeo, nimenuna na moyo wangu mkavu. Nisamehe.

Nimemtuma Mina kwa Shehe Alawi. Kasema mjane anaruhusiwa kutoka mchana kwa jambo lisilo na budi, maadamu alirudi kulala kwake, na wewe ulirudi. Eda yako haikukatika hata siku moja. Imekwisha juzi, siku moja na yangu. Ila ninawajua kina mama wa Lugoba, hawatamsikiliza shehe wa Bagamoyo kwa habari ya kuletewa.

Kwa hiyo sitawaletea habari, nakuja mwenyewe. Rajabu ameniwekea nafasi Jumatatu. Nakuja na khanga, doti mbili za namna moja, moja yako na moja yangu, na udi, na maji nitayateka kisima chenu. Nitakuogesha mimi kwa mikono yangu. Nataka nimwone huyo atakayesimama uani kwako amwambie mke mkubwa wa marehemu kwamba haijui eda ya mumewe. Ukishatoka, ukitaka kukaa Lugoba, kaa. Ukitaka kurudi nami, chumba kile kilichokuwa kikivuja upande wa dirisha nimekwisha kukipaua upya, hakivuji tena.

Jumatatu alasiri utasikia hodi. Unayo haki ya kutofungua, na mimi nitasimama tu hapo nje. Lakini nitakuita, na nitakuita kwa jina lako mwenyewe, Chausiku.

Itika.

Dada yako,
Mwaija